Wamenipumzisha kwenye wimbo wangu mwenyewe

Shangazi, shikamoo.

Naandika saa tisa usiku, mtoto ndiyo kwanza kalala, na mimi usingizi umenigomea tangu Jumatatu. Nisamehe makosa ya mwandiko, naandika kwa kidole gumba kimoja, mkono mwingine umelaliwa.

Bendi yetu unaijua, na wimbo niliotunga na kuuimba nadhani umeshausikia, kwa hiyo sitaji kitu. Nataka nikuambie neno moja tu: "Tumekupumzisha." Limekuja kwa ujumbe wa sauti wa sekunde 14 na nimeusikiliza mpaka najua pale anapomeza mate. Angesema prodyuza nisingejali, wale ndivyo walivyo. Kasema yeye, mpiga drams wetu, mwanamke mwenzangu, aliyeniletea chupa ya mtori siku ya tatu baada ya kujifungua akanishikia mtoto nikanywe. "Dada, tumekupumzisha kidogo, lea kwanza." Lea kwanza! Kwenye wimbo ule!

Ngoja nikueleze wimbo wenyewe ulivyo, maana bila hivyo utaniona nagombea jina.

Ni wimbo wa mwanamke anayeambiwa achague kazi au familia. Nyimbo za namna hii huharibikia mahali pamoja: zinachagua. Mwanamke akichagua kazi, ubeti wa mwisho unamkuta mpweke anajuta. Akichagua nyumba, wimbo unageuka wa kichen pati, watu wanapunga khanga. Sisi tuliupanga usichague. Ubeti wa kwanza anashuka daladala Mtumba, kwenye mji wa serikali, asubuhi, maziwa yanavuja chini ya koti, anabana faili kifuani asionekane. Ubeti wa pili ni yeye yule, jioni, Nkuhungu, kompyuta iko kwenye meza ya chakula na sahani bado hazijatolewa. Kiitikio hakimpi ushauri wowote, kinauliza:

Nani kakupa mizani
upime kazi na mwana?

Hesabu, ni 8 kwa 8. Nilihangaika nayo wiki nzima.

Muziki wake ni pop rock ya kawaida: kodi za gitaa Em, C, G, D, mwendo wa mapigo 118 kwa dakika. Pop rock haina uchawi. Kwenye ubeti unabana, gitaa linapigwa kiganja kimelala juu ya nyuzi, drams ni kofia (yale matasa mawili) na rimu (ukingo wa ngoma) tu. Kwenye kiitikio unafungulia kila kitu kwa mara moja. Kazi iko kwenye daraja, kile kipande kinachokuja mara moja tu, baada ya kiitikio cha pili. Hapo tuliingiza muheme. Muheme, Shangazi, ni ngoma ya wanawake wa Kigogo, inabanwa kati ya mapaja, na mdundo huo nilifundishwa na mama mkwe wangu barazani kwake. (Watu wakisikia mama mkwe wanategemea ugomvi. Ugomvi wangu hauko huko.)

Kutoka mwendo wa rock kwenda muheme si kuongeza kasi. Pigo linabaki lilelile, ila kila pigo lililokuwa limekatwa mara 2 sasa unalikata mara 3. Nani analikata kwanza? Besi. Vipimo 2 kabla ya daraja besi inaanza tatutatu wakati drams bado ziko mbilimbili, zinagombana kidogo, halafu zinakubaliana. Besi isipofanya hivyo, mpiga drams anaona kama wimbo umeongezeka mwendo, anaukimbilia, na mkitoka kwenye daraja mko 126 au 130 na mwimbaji hawezi kuyatamka maneno ya kiitikio cha mwisho. Besi ni mimi. Na maneno ya daraja ni yangu:

Baba haulizwi neno,
hupita akenda zake.

Hiyo ndiyo hoja ya wimbo mzima. Sheria ya ajira ya mwaka 2004 imempa mama siku 84 za uzazi, 100 wakiwa pacha, na ruhusa ya kunyonyesha isiyozidi saa 2 kwa siku ya kazi. Baba siku 3. Sisemi sheria ni mbaya, dada yangu yuko ofisini, zile siku 84 alizila zote hadi ya mwisho. Bendi haina hata karatasi. Mimi nilipewa wiki tatu.

Sasa Jumatatu wimbo umetoka, na daraja halimo. Kutoka dakika 4 na sekunde 6 umeshuka hadi 2 na 51, eti redio hazipigi virefu. Kaimba binti mwingine, ana sauti nzuri, simsemi vibaya. Lakini bila daraja baba ametoweka kabisa, wamebaki mwanamke na mizani yake. Halafu kiitikio wamekibadilisha: "Shika vema mizani yako." Hesabu tena, ni 9. Ndiyo maana anabana pale kwenye "yako" kama mtu anayekimbiza basi. Na si swali tena, ni wosia. Wimbo uliokuwa unauliza nani kamfunga huyu mama, sasa unamfundisha kubeba vizuri. Wamenipumzisha, wakampumzisha na baba.

Najua watakwambia nini, kwa hiyo nikwambie mimi kwanza. Watasema nilikosa mazoezi. Nilikosa mawili. Sawa, matatu, lile la tatu nilifika watu wanakunja nyaya. Watasema sauti imeshuka. Ni kweli haijarudi. Misuli ya tumbo ndiyo inayosukuma pumzi, na baada ya miezi tisa ya kuvutwa hairudi kwa wiki tatu. Ile noti ya mwisho niliyokuwa nashikilia mapigo 12, kama sekunde 6, sasa inakufa kwenye la 7. Dawa yake ipo na niliwapa: tushushe wimbo sauti moja nzima, kutoka Em hadi Dm. Kinanda ni kubonyeza kitufe mara 2. Gitaa unalegeza nyuzi zote kwa kiasi hicho, na kwenye besi ule uzi mnene unashuka kutoka E kwenda D, ambayo inanguruma vizuri zaidi.

Wakanijibu: na ilimba? Hapo walikuwa na haki, nisiwe mwongo. Ilimba ya mzee wetu, ile ala ya Kigogo ya ndimi za chuma zinazopigwa kwa vidole gumba, imetuniwa kwa E na haifuati gitaa. Sauti za Kigogo zinatoka kwenye mlio wa asili wa uzi wenyewe, kwa hiyo D yake iko chini ya D ya kinanda kwa karibu theluthi ya nusu sauti. Ukiweka mashine ya kutunia inawaka nyekundu, na mtu asiyejua anadhani ilimba imeharibika. Na sauti yake ya tatu, ile inayoamua wimbo uchangamke au uhuzunike, ni ya meja (changamfu), wakati wimbo wetu ni maina (wa huzuni). Ndiyo maana kwenye daraja tulikubaliana kinanda kinyamaze kabisa na gitaa lishike E na B tu, bila sauti ya tatu, lisigombane na mtu. Kushusha ilimba hadi D ni kuvuta kila ulimi wa chuma utoke kidogo uwe mrefu, mmoja mmoja, kwa sikio, halafu unapiga na kusubiri, halafu unarudia. Jioni nzima ya kazi. Nilisema nitamlipa mzee jioni hiyo. Prodyuza akaona njia fupi: akatoa ilimba, akaweka mlio wa kinanda unaofanana nayo, umenyooshwa ukakaa kwenye D ya kizungu. Ukiisikia ni kama mtu anaongea Kigogo cha kwenye tangazo.

Kwa hiyo walikataa kushusha wimbo kwa ajili ya ilimba, kisha ilimba yenyewe wakaitoa. Umeona?

Sitaki mambo ya sheria, ila sheria naijua. Hakimiliki huanzia pale unapotunga, hata kama hujasajili, COSOTA, ile ofisi ya hakimiliki, inakusaidia kwenye ushahidi. Na sheria yetu ya 1999 inampa mtunzi haki ya kutajwa na haki ya kupinga kazi yake ikipotoshwa. Simuni kwangu ninazo rekodi za tarehe zote, kuanzia ile ya kwanza ninayoguna tu na jogoo wa jirani anawika. Kosa langu ni moja, hatukusaini mgawanyo. Tulisema "tutaelewana": maneno na mlio vyangu, lile gitaa la mwanzo la mwenzetu, mdundo wa drams wa kuingilia daraja wa kwake yeye mpiga drams. Kila mtu aandike asilimia siku ileile wimbo unapokamilika, kabla ya kwenda studio, wakati bado mnapendana. Waambie wasomaji wako hilo. Mimi pesa sizitaki. Nataka jina langu. Wala jina silitaki sana, nataka daraja lirudi.

Sasa sikiliza kilichonikosesha usingizi leo, si cha Jumatatu. Wana shoo 2 Dar es Salaam baada ya wiki tatu, Ijumaa na Jumamosi, na jukwaani wanataka wimbo mrefu kwa sababu wenye ukumbi wanaupenda wa zamani, wenye muheme. Wamejaribu daraja bila mimi, limewashinda, drams zinakimbia. Juzi ikaja sauti nyingine ya mpiga drams, ya sekunde 40, ananibembeleza. Neno la kupumzisha hakuligusa.

Mtoto ana miezi minne na nusu. Nimepiga hesabu. Hunywa kama mililita 750 hadi 800 kwa siku. Nikiondoka Ijumaa asubuhi na treni ya umeme nikarudi Jumapili mchana, anahitaji kama lita 2 zikiwa tayari. Nikikamua mililita 90 za ziada mara 2 kwa siku, ni siku 11. Inawezekana. Kwenye friji yanakaa siku 4, nje saa 4 kama joto halizidi nyuzi 25, na Dodoma ya mwezi huu ndani ya nyumba zetu za bati sahau hizo saa 4. Yakigandishwa yanakaa miezi, ila umeme ukikatika yakayeyuka hayarudi tena kwenye barafu, unayatumia ndani ya saa 24 yakiwa bado kwenye baridi ya friji, au unamwaga. Na mimi huko Dar lazima nikamue kila baada ya saa 3, hata nyuma ya jukwaa, vinginevyo titi linajaa na maziwa yanapungua. Besi ina kilo 4 na mkanda wake unapita juu ya kifua; ukibana titi lililojaa kwa muda wa shoo nzima kesho yake lina uvimbe na homa. Nitaweka kitambaa kinene nisukume mkanda ukae shingoni zaidi. Au niende naye mtoto na mama mkwe, ambaye amesema yuko tayari na amekwishauliza bei ya tiketi. Au nimwachishe kabisa kabla ya miezi sita, jambo ambalo nilisema sitalifanya, na kila nikiliandika nafuta.

Mume wangu ni mtu mwema, usije ukamwandikia vibaya. Hajanikataza. Nilipomweleza yote hayo, lita na barafu na treni, alikuwa anakula, akasema, "Mimi sina neno, wewe amua." Akaenda kuoga. Nikabaki nimekaa pale na sahani, Shangazi, nikauimba ule ubeti kimoyomoyo mpaka mwisho.

Basi nikuulize nini? Nilitaka kuuliza kama nina haki ya kudai wautoe wimbo hewani. Tena nimeusikiliza leo mara ya ishirini na kile kiitikio chao, pamoja na ubovu wake, kinakaa kichwani kuliko changu. Nilitaka kuuliza kama niende Dar. Lakini nikienda ninawaokoa, na wao wakishaokoka watanipumzisha tena, na nisipokwenda watakuwa wamesema kweli. Sijui kama nataka kurudi au nataka tu waniombe. Nijibu hilo, ukiweza, kabla ya Ijumaa hii, maana siku hiyo wanakata tiketi. Jina langu usiliweke.

Naona taa ya kijani kwenye simu, mpiga drams naye yuko macho saa hizi. Ameandika sasa hivi: "Dada, umelala?" Sijamjibu.

Msomaji wako,
Nkuhungu, Dodoma