Kondishena ya kuacha kichwani: kwa nini nywele zinanata na bado ni kavu

Lalamiko linalorudi dukani kwetu kuliko yote ni hili: nimepaka kondishena ile isiyokoshwa, nywele zimekuwa nzito, zinanata mpaka kwenye ushungi, na ukavu uko pale pale. Mara nyingi chupa haina kosa. Ukiuliza vizuri utaambiwa nywele zilipakwa zikiwa kavu, juu ya mafuta ya nazi ya juzi, kwa kiganja kizima kilichojaa, kisha ushungi ukafungwa juu yake. Kwa mwendo huo, hata ile ya bei kubwa kabisa haitafanya kazi.

Tuanze na kazi yake yenyewe. Unywele ulioloa una chaji hasi, khasa sehemu zilizochakaa kwa jua, rangi, dawa au kuchanwa kwa nguvu. Ndani ya kondishena mna viungo vyenye chaji chanya. Kwenye chupa ni yale majina marefu ambayo neno lake la kwanza huishia na "trimonium" na jingine likafuata, kama cetrimonium chloride. Viungo hivyo hukimbilia palipochakaa vikajishikiza hapo na kuacha utando mwembamba. Magamba ya unywele yanalala, unywele mmoja unateleza juu ya mwingine, fundo linafunguka bila kukatika. Basi. Unyevu hautoki kwenye chupa, unatoka kwenye maji uliyoziloweshea nywele. Ukipaka nywele kavu umepaka utando juu ya ukavu.

Nywele za kipilipili na za mikunjo zinaihitaji kondishena hii kuliko za singa kwa sababu moja nyepesi: mafuta yanayotoka kwenye ngozi ya kichwa huteremka kwenye singa bila shida, lakini kwenye mkunjo hukwama juu. Ncha hubaki bila kitu, na ncha ndizo za zamani zaidi kichwani mwako.

Wapo wanaochukua kondishena ya kawaida, ile ya kukosha, wakaiacha kichwani ili kuokoa pesa. Hatukubaliani nayo. Ya kukosha imetiwa viungo vingi kwa kuwa itakaa dakika chache na kuondoka. Sheria ya Umoja wa Ulaya inaionesha tofauti hii waziwazi: kiungo cha cetrimonium chloride kinaruhusiwa hadi asilimia 2.5 katika bidhaa za nywele za kukosha, lakini asilimia 1 tu katika zinazobaki kichwani. Ukiiacha ya kukosha siku nzima, nywele zinalala kwa uzito, na ngozi ya kichwa huweza kuwasha.

Maji yetu na sabuni ya kipande

Hapa ndipo tunapotaka usome polepole, maana maelekezo ya chupa yameandikwa na watu wasiojua maji ya kisima cha Unguja. Sehemu kubwa ya kisiwa imekaa juu ya jiwe la matumbawe, na maji yanayopita kwenye jiwe hilo hubeba chokaa. Visima vya karibu na pwani huongeza na chumvi. Kama birika lako lina ukoko mweupe ndani, maji yale yale ndiyo yanayopita kichwani.

Sasa weka sabuni ya kipande ndani ya maji hayo. Sabuni ikikutana na chokaa haitoi povu zuri. Inatoa utando mzito wa kijivu, ule unaobaki pembeni mwa beseni la kufulia. Utando huo hubaki kwenye nywele. Tena sabuni ya kipande ni kali upande wa magadi, inayafungua magamba ya unywele badala ya kuyalaza. Kondishena inafika juu ya utando, haigusi unywele, na kinachonata kwenye vidole vyako ni vitu viwili vilivyochanganyika. Mtu akibadilisha chupa tatu bila kuacha sabuni ya kipande, tatizo litabaki lile lile.

Kosha kwa shampuu, mara moja kwa wiki au kila siku kumi. Kila wiki tatu au nne tumia shampuu ya kusafisha sana ambayo kwenye orodha yake utasoma EDTA au citric acid. Hivyo ndivyo vinavyoikamata chokaa na kuiondoa. Kama huna, kijiko kimoja kikubwa cha siki katika kikombe kikubwa cha maji (kama mililita 250), mimina baada ya shampuu, acha dakika mbili, kisha suuza. Usizidishe siki na usiifanye kila wiki. Ndimu hatuishauri: maji yake yakibaki kwenye paji la uso au shingoni ukatoka juani, ngozi inaweza kuungua na kuacha alama nyeusi za muda mrefu.

Na masika yakiingia, kinga maji ya mvua. Acha mvua ya mwanzo isafishe bati, kisha tega ndoo. Lita mbili zinatosha kwa msuuzo wa mwisho, na tofauti utaisikia kwa vidole kabla hujapaka chochote. Bibi zetu walijua hili bila kusoma orodha ya viungo.

Kiasi na namna ya kupaka

Kipimo chetu ni kijiko cha chai, si kiganja, maana viganja havilingani. Nywele fupi za urefu wa vidole vitatu: kijiko kimoja. Zinazofika mabegani ukizivuta: viwili hadi vitatu. Nzito zinazopita mabega: vinne. Nywele nyembamba za mawimbi zichukue nusu ya hapo, na afadhali ziwe na kondishena ya maji ya kupulizia kuliko ya krimu. Chupa ya mililita 250 ina vijiko vya chai 50. Anayetumia viwili kila wiki inamtosha wiki 25, karibu nusu mwaka. Ikiisha ndani ya mwezi, nyingi imeishia kwenye mto.

Baada ya kusuuza, usikimbilie taulo. Gawa kichwa mafungu manne, au manane kama nywele ni nzito, ubane kila moja. Chukua fungu la kwanza, na kama limeshaanza kukauka lirudishie maji kwa chupa ya kupulizia. Nywele za kipilipili ziwe na maji kiasi cha kutoka ukizibana kwa mkono. Nyembamba ziwe mbichi tu, zisichuruzike. Tandaza kondishena kwenye viganja vyote viwili, anza nchani, panda juu, ukomee vidole viwili kabla ya kufika kwenye ngozi. Ngozi ya kichwa haihitaji kondishena hii. Ukiipaka unailisha mba.

Pitisha vidole kwanza. Fundo ukilikuta, lifungue kwa vidole, kisha chanuo la meno mapana, kutoka nchani kupanda juu, kamwe si kutoka juu kushuka. Unywele mbichi huvutika zaidi ya mkavu na hukatika kirahisi ukilazimishwa, kwa hiyo utelezi uwepo kabla ya chanuo.

Mwisho, inamisha kichwa, kusanya fungu kwenye kiganja na ubane kutoka nchani kwenda juu, mara tano sita. Utasikia sauti kama ya sponji lililojaa maji. Usipoisikia, ongeza maji, si kondishena. Weupe kama wa maziwa utaonekana kisha upotee. Usipopotea baada ya kupitisha vidole mara kadhaa, umezidisha. Hakuna haja ya kukosha upya: pulizia maji, bana tena, halafu futa kwa fulana kuukuu ya pamba. Taulo lina vishungi vinavyokwaruza na kuvuruga mikunjo.

Mafuta, kama unayataka, yaje baada ya kondishena, matone matatu manne kwenye ncha tu. Hapa tuseme jambo kuhusu mafuta ya nazi, maana kila nyumba inayo. Ni mazuri kweli, lakini mahali pake bora ni kabla ya kukosha. Yanapenya ndani ya unywele na kupunguza protini inayopotea wakati wa kuoshwa. Paka usiku au saa moja kabla, kisha shampuu, kisha kondishena. Ukiyatanguliza kwenye nywele safi, maji na kondishena vitakuwa vinabisha hodi kwenye mlango uliofungwa.

Hewa, ushungi na udhu

Gliserini imo katika kondishena nyingi, na kazi yake ni kuvuta maji. Katika hewa ya kisiwa wakati wa masika na vuli inavuta kupita kiasi: unywele unavimba, mikunjo inatawanyika, na mkono ukipita unanata. Viungo huandikwa kwa mpangilio wa wingi. Ukiona neno glycerin la pili au la tatu baada ya maji, chupa hiyo iweke hadi kipupwe, hewa inapopoa na mvua kupungua. Anayeshinda ofisini au hotelini kwenye kiyoyozi ana hali nyingine. Huko hewa ni kavu, na gliserini ya wastani inamfaa.

Kufunga ushungi juu ya nywele mbichi ndiko kunakoharibu kazi yote. Joto na unyevu uliofungiwa ndiyo mazingira ambayo vimelea vya mba hustawi, na harufu inayotoka jioni haitokani na kondishena. Nywele nzito huchukua saa nyingi kukauka, kwa hiyo panga: kosha siku ambayo huna safari, au baada ya Alasiri ukae mbele ya feni hadi usiku. Kama lazima utoke, suka mabutu manne au sita na yaache yapungue maji kwanza. Hukauka yakiwa yamenyooka na hayafumki chini ya kitambaa. Ndani ya ushungi wa pamba tia skafu ya satini, na usiku lala nayo.

Nywele za mbele nazo zina mambo yake. Kila unapotia udhu unazipitishia maji, kwa hiyo kondishena huondoka pale kwanza, na ndipo wengi wanapoona nywele zimekatika na kuwa fupi. Zirudishie kidogo, robo ya kijiko, kila baada ya siku mbili tatu zikiwa bado na maji. Na usizivute unapofunga.

Mambo mengine yanayoletwa dukani

Vipande vyeupe kama mba, lakini si mba: kondishena na jeli havipatani. Jaribu kwanza kwenye kiganja, tone kwa tone, usugue. Ikilainika ni sawa. Ikigandamana kama maziwa yaliyokatika, usivitumie pamoja. Wanaochemsha mwani wa Paje au Jambiani wakapata ute wa kushikilia mikunjo wajue kwamba huo ni jeli, upakwe juu ya kondishena, na hata frijini usikae zaidi ya siku tatu nne.

Nywele zimekuwa ngumu kama makumbi: angalia kama chupa ina protini, ya ngano, hariri au keratini. Chukua unywele mmoja mbichi uuvute taratibu. Ukikatika papo hapo bila kuvutika, pumzisha protini kwa wiki kadhaa. Ukivutika sana na usirudi, hapo protini ndiyo inayohitajika. Anayetia hina mara kwa mara aiangalie zaidi hali hii, kwa sababu hina nayo hujishika kwenye unywele na kuukaza.

Kuongeza maji kwenye chupa ili ifike mbali ni kosa. Dawa ya kuzuia kuoza ilipimwa kwa kiasi kilichomo. Ukiongeza maji ya bomba, ukungu huota ndani ya chupa na huuoni. Ukitaka nyepesi, changanya ya siku hiyo tu kwenye kikombe. Chupa usiiweke dirishani juani, na ukiona maji yamejitenga juu na harufu imebadilika, itupe. Nambari iliyo ndani ya picha ya kopo lililofunguliwa, kama 12M, ni idadi ya miezi tangu siku uliyoifungua.

Kwa watoto wanaokwenda skuli asubuhi na chuoni jioni, kijiko kimoja Ijumaa baada ya kukoshwa kinatosha wiki nzima, nywele zikisukwa. Wanaoingia baharini waloweshe nywele kwa maji safi na kupaka kondishena kabla. Unywele ulioshiba maji matamu hunywa kidogo maji ya chumvi. Wakitoka, wasuuze siku hiyo hiyo.

Ukija dukani kwetu kushauriwa, njoo na chupa unayotumia sasa, na nywele ulizokosha siku hiyo bila kupaka mafuta. Na utuambie nyumbani unatumia maji ya bomba au ya kisima, maana hilo ndilo swali la kwanza tutakalokuuliza.