Barua ya wazi kwa Mkurugenzi wa Usafi: lile halikuwa lundo la taka

Mheshimiwa Mkurugenzi,

Kwa heshima zote tunakusalimu. Jumatatu alfajiri magari yako yalizoa vyuma vyote nyuma ya karakana yetu ya sanamu za vyuma chakavu. Hongera, uwanja unang'aa.

Ila ujue kilichozolewa. Lile lilikuwa ghala. Spoki zilitengwa kwa sababu ndizo manyoya ya ndege. Cheni za baiskeli zilikuwa zimelowekwa kwenye mafuta ya taa siku mbili, maana grisi ikibaki, mshono wa kuchomelea hutoka na vitundu kama sponji. Mabati yalishapigwa grenda sentimita 3 kila upande wa mshono kuondoa zinki iliyoyafunika, kwani ikichomwa moshi wake humpa fundi homa ya kutetemeka usiku. Chuma cha kusubu, kile kinachoyeyushwa na kumiminwa kwenye kalibu, kilikaa peke yake: ukikichomelea kwa rodi ya kawaida, kikianza kupoa utasikia "ti!", kimepasuka kando ya mshono. Chataka rodi ya nikeli, mishono mifupi ya sentimita 2 au 3, kisha kifukiwe kwenye majivu kipoe taratibu.

Na shokapu za magari? Nusu zilikuwa hazijatobolewa. Silinda iliyoziba ikipata moto hulipuka, na ikibanwa yaweza kupasuka. Vijana wako walijua wanatia nini kwenye mashine ya kubana?

Tunahisi kosa ni la fomu zenu: kitu ama ni bidhaa, ama ni taka. Msanii Picasso alipounganisha kiti na usukani wa baiskeli mwaka 1942 akapata kichwa cha fahali, kwa fomu hiyo angepigwa faini.

Mwaka jana ulipiga picha na yule ndege korongo wa vyuma, ukaahidi kibali cha kuingia dampo. Picha tunayo. Kibali hatuna. Korongo mwenyewe watu wako wamempendezesha kwa kuziba kwa saruji matundu ya milimita 8 miguuni, yaliyoachwa makusudi maji ya mvua yatoke. Sasa anaoza kwa ndani, nje rangi inameremeta.

Hatuombi pesa. Hatuombi hata vile vyuma, vimeshabanwa. Tunaomba masaa mawili kwa wiki pale dampo, kabla mashine haijawashwa. Masaa mawili tu, Mheshimiwa.

Na mtu aje amzibue korongo kabla ya mvua. Nyundo na patasi, dakika 10.

Wako watiifu, bado,
Mafundi wa sanamu za vyuma chakavu