Jeshi la Napoleon lilikuwa limeshavunjika kabla ya theluji

Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wenu wa barua nizungumzie makala ya historia mliyoichapa hivi karibuni kuhusu Napoleon, mfalme wa Ufaransa, alivyoivamia Urusi mwaka 1812. Mwandishi ameeleza vizuri ukubwa wa maafa yale, ila amehitimisha kwa kusema kwamba Napoleon alishindwa na baridi. Hivyo ndivyo tulivyofundishwa wengi wetu, na hivyo ndivyo wanafunzi wa hapa Tabora wanavyoendelea kukariri, lakini tarehe na hesabu za vita hiyo zinakataa.

Napoleon alivuka mto Niemen, mpakani mwa Urusi, tarehe 24 Juni, wakati wa joto kali la nchi zile, akikusudia kumlazimisha Mfalme Alexander wa Urusi arudi katika mpango wa kuisusia biashara ya Uingereza. Mhandisi Mfaransa Charles Joseph Minard, aliyechora ramani mashuhuri ya safari hiyo mwaka 1869, aliandika kwamba waliovuka walikuwa askari 422,000 na waliofika Moscow katikati ya Septemba walikuwa 100,000. Ni kweli kwamba makumi ya maelfu kati ya hao waliopungua waliachwa nyuma kulinda miji na ubavu wa jeshi, na wengine walianguka vitani, hasa Borodino tarehe 7 Septemba, ambako pande zote mbili kwa pamoja zilipata hasara ya watu wapatao 70,000 waliouawa na kujeruhiwa kwa siku moja. Hata ukiwatoa wote hao katika hesabu, linabaki kundi kubwa mno la watu waliopotea kabla chembe moja ya theluji haijaanguka.

Walimalizwa na nini? Kwanza, na njaa, ambayo ilianzia kwa farasi. Napoleon alikuwa amezoea kupigana katika nchi zenye mashamba mengi na vijiji vilivyokaribiana, ambako jeshi liliweza kwenda mbio na kujilisha kwa kuchukua vya wenyeji. Safari hii alijua kwamba mambo yangekuwa tofauti, ndiyo maana akajaza maghala katika miji ya Danzig na Königsberg na kuandaa maelfu ya magari ya kukokotwa. Hata hivyo, magari yenyewe yalikuwa mazito kupita kiasi kwa barabara za Lithuania, ambazo jua likiwaka zilikuwa vumbi tupu na mvua ikinyesha zikawa tope, na wanyama waliokuwa wakiyakokota nao walihitaji kula. Mwishoni mwa Juni dhoruba ya mvua iliua farasi kwa maelfu katika siku chache. Walionusurika walilishwa nafaka mbichi iliyokatwa mashambani, wakavimba matumbo na kufa kando ya njia. Kadiri farasi walivyopungua ndivyo chakula kilivyobaki nyuma, na kadiri chakula kilivyobaki nyuma ndivyo askari walivyoacha vikosi vyao kwenda kupora vijiji ambavyo Warusi, waliokuwa wakirudi nyuma chini ya Jenerali Barclay de Tolly, walikuwa wameshavihamisha au kuvichoma.

Sisi wa Unyamwezi hatuhitaji maelezo marefu juu ya jambo hili. Wazee wetu waliobeba pembe na vitambaa kati ya hapa na Bagamoyo walijua kwamba msafara hupangwa kwa posho na maji ya njiani kwanza, na kwamba unapozidi ukubwa, vijiji vya njiani haviwezi kuulisha.

Pamoja na njaa yalikuja maradhi. Kuhara damu na homa zinazoenezwa na chawa viliwashambulia askari tangu kiangazi na kuwafuata hadi mwisho wa safari. Mwaka 2001 mafundi wa ujenzi mjini Vilnius walifukua kaburi la pamoja lenye mabaki ya askari zaidi ya 3,000 wa jeshi hilo, na wataalamu waliochunguza meno yao walikuta alama za vimelea vya homa hizo.

Kisha yakaja maamuzi, na hapa ndipo makala yenu ilipopita haraka mno. Napoleon alikaa Moscow wiki tano, mji ukiwa umeteketea kwa sehemu kubwa, akisubiri barua ya amani ambayo Alexander hakuiandika. Aliondoka tarehe 19 Oktoba akitaka kupita njia ya kusini ambayo haikuwa imeporwa. Tarehe 24 Oktoba vikosi vyake vilipambana na Warusi wa Jenerali Kutuzov huko Maloyaroslavets, na ingawa viliushika mji, yeye aliamua kurudi kwenye barabara ileile ya Smolensk ambayo jeshi lake mwenyewe lilikuwa limeikausha wakati wa kwenda. Aliamua hivyo hali ya hewa ikiwa bado nzuri.

Wala sisemi hivyo kwa ubishi. Ni Napoleon mwenyewe aliyekiri, katika taarifa yake ya 29 kwa taifa, ya tarehe 3 Desemba 1812, kwamba hadi tarehe 6 Novemba hali ya hewa ilikuwa nzuri kabisa. Taarifa hiyohiyo ndiyo iliyoanza kuitupia baridi lawama yote, na inamalizika kwa kuwajulisha Wafaransa kwamba afya ya mfalme wao haijapata kuwa njema kuliko wakati ule. Inaniuma kwamba baada ya zaidi ya miaka 200 bado tunawasomesha watoto wetu utetezi wa mtu aliyetoa amri, kana kwamba ndiyo historia.

Sikatai kwamba baridi iliua. Mwanzoni mwa Desemba ilishuka chini ya nyuzi 30 za Selsiasi chini ya sifuri, ikawakuta watu wenye njaa na matambara, na farasi ambao vyuma vya kwato zao havikutengenezwa kwa ajili ya barafu, hata wakashindwa kuvuta mizinga kwenye miinuko midogo. Lakini kwenye mto Berezina, mwishoni mwa Novemba, balaa lilitokana na joto, kwa sababu barafu ilikuwa imeyeyuka na mto haukuvukika kwa miguu. Wahandisi wa Jenerali Eblé, wengi wao Waholanzi, walivunja nyumba za kijiji cha Studyanka kupata mbao, wakajenga madaraja wakiwa ndani ya maji ya baridi kali. Wengi wao walikufa, na Eblé mwenyewe alifariki kabla mwaka haujaisha. Napoleon aliliacha jeshi katika mji wa Smorgon tarehe 5 Desemba akakimbilia Paris. Minard anaandika kwamba waliovuka tena mto Niemen walikuwa 10,000.

Kwa kuwa mmeahidi kuendeleza ukurasa huo wa historia, naomba toleo lijalo lichapishe hesabu hizi za Minard pamoja na miezi yake, ili msomaji aone mwenyewe ni wangapi walipotea kati ya Juni na Septemba na wangapi baada ya tarehe 6 Novemba.

Wenu,
Mwalimu mstaafu wa historia,
Isevya, Tabora.