Barua ya wazi kwa vijana wa jukwaani mnaohamia kwenye kamera

Wanangu,

Kabla hamjaanza kubishania kamera ya nani ina picha safi, tengeni jioni nne mumsikilize mwigizaji wa filamu za Kifaransa, Orane Demazis. Nasema kumsikiliza, kumtazama baadaye.

Alizaliwa Oran, Algeria, mwaka 1894, akaitwa Henriette Burgart. Jina la jukwaani alilitoa kwenye mji huo. Aliivishwa kazi na mwongozaji Charles Dullin katika ukumbi wa Atelier, Paris. Machi 1929 tamthilia ya Marius ya mwandishi Marcel Pagnol ilipofunguliwa Théâtre de Paris, yeye ndiye alikuwa Fanny, binti muuza chaza na kome kwenye Bandari ya Zamani ya Marseille. Mwaka 1931 kampuni ya Paramount wakaipiga filamu studio za Joinville chini ya mwongozaji Alexander Korda, na Raimu, Pierre Fresnay na yeye, waigizaji wa jukwaani, wakabaki na nafasi zao. Alikuwa na miaka 36, anamwigiza msichana ambaye hata 20 hajatimiza. Sura peke yake isingemvusha.

Mjue hali ya kazi ilivyokuwa. Kutia lugha nyingine juu ya filamu iliyokwisha kupigwa kulikuwa bado hakujakomaa, kwa hiyo hadithi moja ilipigwa upya kwa kila lugha. Marius ilitoka pia kwa Kijerumani na Kiswidi, na waigizaji wengine. Sauti ilinaswa palepale, pamoja na picha. Aliyezoea kurusha sauti hadi viti vya nyuma alikwaruza maikrofoni. Aliyenong'ona alimezwa na mvumo. Demazis alipita katikati: alipunguza kasi, hakupunguza uzito. Halafu ile lafudhi ya Kusini, aliyoivaa maana si ya kwao, haiimezi irabu ya mwisho kama Paris wanavyoimeza. Nyinyi ambao kila neno lenu huishia kwa irabu, mbona mnazila?

Anzeni na Marius, kisha Fanny ya 1932, kisha Angèle ya 1934, na César ya 1936 iwe ya mwisho, kwani humo miaka mingi imepita na mtamwona ametulia. Kila moja itazameni mara mbili, ya pili mkiwa mmeifunika skrini kwa kitambaa. Kama hamjui Kifaransa ni heri: maneno hayatawapotosha.

Katika Fanny kaeni hasa na barua. Marius, mpenzi wa Fanny, yuko baharini, ameandika, na Fanny anamsomea César, baba yake Marius, kwa sauti. Barua inasimulia safari tu, Fanny mwenyewe anatajwa kwa uchache mwishoni. Mwigizaji mchanga angelia tangu mstari wa kwanza, na ufikapo mwisho hana kilichobaki. Demazis anasoma kama msomaji: anazifuata nukta, anasubiri jina lake. Chukueni barua yoyote ya ukurasa mmoja, msomeane hivyo mara tano. Atakayetangulia kuhuzunika aanze upya.

Na mwisho wa Marius: meli inaondoka na kijana, huku Fanny akimshughulisha César asijue, naye mzee anapanga maisha ya ndoa ya Fanny na Marius. Majibu ya Fanny ni mafupi. Hesabuni pumzi kati ya jibu na jibu.

Mbona basi jina la Demazis halivumi? Karibu kazi zake zote kubwa zilikuwa za mwandishi mmoja, Pagnol, ambaye pia alikuwa mwenzi wake. Uigizaji wake wa Éponine katika filamu ya Les Misérables ya Raymond Bernard, 1934, unaonyesha aliweza kwingine. Baada ya filamu ya Pagnol, Le Schpountz, 1938, nafasi zikapungua sana. Akaja kuonekana tena miaka ya 1970, kwa waongozaji Buñuel na Téchiné, katika nafasi ndogo. Alifariki 1991.

Kwa hiyo, anayewaandikia michezo akiwa ndiye pia anayewapikia chai, kila mwaka chukueni nafasi moja nje ya kikundi, hata ya mistari mitatu. Na kitambaa kiwe kizito, mwanga usipenye.

Wasalaam,
Mzee wenu