Mechi zetu za mtandaoni zinapotea hivi hivi

Mhariri shikamoo, naomba kanafasi niongelee riplei za gemu za mtandaoni, yaani zile rekodi za kuangalia tena mechi iliyokwisha chezwa. Juzi nilitaka kuangalia tena mechi niliyocheza na mdogo wangu kabla hajaenda bodingi, nikakuta gemu limeshapata apdeti na riplei haifunguki kabisa, imeniuma sana.

Wengi wanadhani riplei ni video kumbe siyo, kwenye gemu la vita la StarCraft II kwa mfano faili linabeba amri za wachezaji tu, nani kabonyeza nini na muda gani, halafu gemu lenyewe linaicheza mechi upya, ndo maana faili ni dogo na halimalizi bando. Doom ya 1993 nayo ilirekodi hivyo hivyo. Sasa sheria za gemu zikibadilika mahesabu hayaendi tena, ila StarCraft II riplei ikiwa ya zamani inaifungulia toleo la wakati ule, kwa nini wengine wasifanye hivyo? Na hizi riplei zina thamani jamani, AlphaStar, programu ya akili bandia ya kampuni ya DeepMind inayocheza StarCraft II, ilianza kujifunza kwa riplei za watu kabla ya kuwafunga wachezaji wa kulipwa, matokeo yakatangazwa 2019.

Wenzangu, mechi mnayoipenda irekodini kama video leo leo, msingoje apdeti.

Mchezaji, Tanga