Risala ya Klabu ya Fizikia kwa Mgeni Rasmi, Siku ya Kuzindua Chumba cha Woolsthorpe

Mheshimiwa Mgeni Rasmi,
Mwenyekiti wa Bodi ya Shule,
Mkuu wa Shule, walimu wetu, wazazi na wanafunzi wenzetu,

Shikamooni.

Tunakushukuru, Mheshimiwa, kwa kukubali kutufungulia chumba hiki cha majaribio. Tangu kibao kiwekwe mlangoni tumeulizwa sana jina hili limetoka wapi, na wapo waliodhani ni jina la mfadhili. Mfadhili bado tunamtafuta. Kwa ruhusa yako, tueleze.

Woolsthorpe ni kitongoji cha wakulima na wafugaji katika jimbo la Lincolnshire, Uingereza, ndani ya parokia ya Colsterworth, kusini mwa mji wa Grantham. Mwaka 1623 mkulima aitwaye Robert Newton alijipatia umwinyi wa kitongoji hicho. Umwinyi huo ulikuwa na ardhi yake, kodi za wapangaji na nyumba kubwa. Tunaposema kubwa, tusifikirie ikulu: ni nyumba ya mkulima mwenye uwezo, imejengwa kwa mawe ya chokaa, na mazizi na maghala yako hapohapo uani.

Mwanawe Robert, aliyeitwa Isaac, hakujua hata kuandika jina lake. Alifariki Oktoba 1642, akaacha kondoo 234, ng'ombe 46 na mjane mwenye mimba. Mtoto alizaliwa katika nyumba hiyo siku ya Krismasi, kwa kalenda ya Uingereza ya wakati ule, akapewa jina la baba yake. Huyo ndiye Isaac Newton ambaye kanuni zake tatu za mwendo zinatutoa jasho kila muhula. Alipofika miaka mitatu mama yake, Hannah, aliolewa na kasisi wa kijiji jirani, akamwacha kwa bibi yake mzaa mama. Alirudi mwaka 1653, akiwa mjane tena.

Hannah alitaka mwanawe awe mkulima, akamtoa shuleni Grantham. Kijana alishindwa, Mheshimiwa, na ushahidi upo: mwaka 1659 mahakama ya umwinyi ya Colsterworth ilimtoza faini kwa sababu kondoo wake waliharibu mashamba, nguruwe wake waliingia kwenye nafaka, na uzio wake ulikuwa mbovu. Wazazi mliopo hapa mtamwelewa yule mama alipokubali hatimaye arudi shule. Mwaka 1661 aliingia Chuo cha Trinity, Cambridge, kama mwanafunzi anayewatumikia wenzake.

Mwaka 1665 tauni ilifunga chuo, naye akarudi Woolsthorpe. Sisi shule zilipofungwa Machi 2020, wengi wetu tulirudi na madaftari matupu. Yeye, katika muda wa karibu miaka miwili, alichambua mwanga kwa prizimu, yaani kipande cha kioo kinachoutawanya kuwa rangi, akaweka misingi ya kalkulasi, yaani hesabu za mabadiliko, na akaanza kuwaza ni nini kinachoushikilia mwezi. Habari ya tofaa, ile ya kwamba tunda lililoanguka mtini ndilo lililomfanya awaze juu ya mvutano, alimsimulia rafiki yake William Stukeley uzeeni, mwaka 1726, na hakuna mahali aliposema lilimwangukia kichwani. Mti wenyewe uliangushwa na dhoruba mwaka 1820, ukachipua upya, na bado uko bustanini.

Kwa maoni yetu tofaa limesifiwa kupita kiasi. Kodi za wapangaji na kondoo wa Hannah hawatajwi, ilhali ndio waliomwezesha kijana mzima kukaa nyumbani akifikiri, huku watu wengine wakilima. Ndiyo sababu tulichagua jina la kitongoji badala ya jina la mtu.

Newton alifariki mwaka 1727 bila mtoto. Mrithi wake aliiuza nyumba mwaka 1732 kwa familia ya Turnor, iliyoitunza kwa zaidi ya miaka mia mbili. Tangu 1943 iko mikononi mwa National Trust, shirika la Uingereza la kutunza majengo ya kihistoria, na wageni huingia kuitazama.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, chumba chetu kina meza na madirisha mazuri, lakini prizimu hatuna hata moja. Tunaomba utusaidie kupata prizimu za kutosha makundi ya wanafunzi, mapazia meusi ya kuzuia jua wakati wa majaribio ya mwanga, na darubini moja. Pia tunaomba utufikishie ombi la mwalimu wa pili wa fizikia, kwani aliyepo anafundisha vidato vyote vinne peke yake.

Tunaomba kuwasilisha.