Barua kwa binti yangu kabla ya safari ya Nairobi

Mwanangu mpendwa,

Salamu kutoka Morogoro. Sisi ni wazima, isipokuwa goti la mama yako, ambalo masika haya yamelichokoza tena. Nimesikia kwamba mkataba wa tamthilia umeletwa na kwamba umekusudia kuutia sahihi kabla ya kuondoka. Nakuomba, mama, usiutie sahihi kabla hujausoma hadi ukurasa wa mwisho, hasa pale panapotajwa akaunti itakayopokea malipo.

Mambo ya utoto wako mbele ya kamera unayajua, siyarudii. Wiki hizi nimekuwa nikisoma maisha ya Shirley Temple, aliyezaliwa California mwaka 1928 na ambaye, kuanzia 1935 hadi 1938, hakuna mwigizaji aliyemshinda Marekani kwa kujaza majumba ya sinema. Mama yake alimviringishia nywele kwa vibanio huku akihesabu, ili misokoto itimie 56 kamili. Umri wake ulipunguzwa mwaka mmoja, naye akaja kuambiwa ukweli siku aliyodhani anatimiza miaka 12, kumbe ni 13. Nilicheka hapo, kisha nikanyamaza, maana nasi tulimwambia yule mtu wa matangazo kwamba una miaka sita.

Kilichoninyima usingizi ni fedha. Baba yake alikuwa mfanyakazi wa benki, mtu wa hesabu kama mimi, na ndiye aliyesimamia mapato. Binti alipokuwa mtu mzima akataka kuona vitabu, alikuta kwamba katika dola milioni 3.2 alizochuma, zilizokuwa zimebaki katika amana yake ni 44,000 tu. Yeye aliyasimulia hayo bila kinyongo. Huko California walipitisha mwaka 1939 sheria ya kumwekea mtoto mwigizaji sehemu ya ujira wake, baada ya Jackie Coogan, naye mwigizaji wa utotoni, kumshtaki mama yake na baba yake wa kambo kwa kutumia fedha zake. Sisi tulikuwa na daftari langu tu, nalo lina kurasa ambazo sikuzijaza. Mabati ya nyumba hii na ada ya kaka yako ya kidato cha tano havikudondoka kutoka mbinguni.

Shangazi yako anasema waigizaji wa utotoni huishia pabaya, nami nimembishia, kwa kuwa Shirley aliacha filamu akiwa na miaka 22, na baadaye akawa balozi wa Marekani nchini Ghana mwaka 1974, kisha Chekoslovakia mwaka 1989. Jina lako likitajwa hapa mtaani najivuna, sikufichi. Ila ulipoacha chuo mwaka wa pili bila kuniuliza uliniumiza, na hilo bado halijanitoka. Basi usome mkataba huo, na akaunti iwe ya jina lako peke yako, si langu, si la kaka yako, wala si la huyo meneja anayekuita dada.

Tangi la maji limepasuka tena. Fundi ataka nusu ya malipo kwanza, nami nimekataa. Usitume chochote kwa ajili hiyo. Mama yako amekufungia unga wa ulezi, nao utakuja na basi la Alhamisi asubuhi. Mwambie kondakta asiubane chini ya masanduku. Daftari nimelitia humo humo, chini ya unga.

Ni mimi,
Baba yako